Hivi kweli waandishi wanawake wa mwanzo kule Uingereza walikuwa "wambea" tu?

Binti_Mufindi
Wakuu habari za jioni. Niko mwaka wa pili nasoma fasihi, wiki ijayo ni zamu yangu kuongoza semina kuhusu waandishi wanawake wa Uingereza wa kabla ya 1750. Nimesoma kama wiki tatu sasa na kuna kitu kinanikera. Kila ninayemshika, awe Mary Wroth, Aphra Behn, Delarivier Manley au Eliza Haywood, nakuta mahali ameitwa mmbea, kwamba alichoandika si fasihi bali ni udaku wa nyumba za wakubwa, kama yale magazeti ya udaku yanayotundikwa kwa kamba pale stendi. Juzi mwenzangu darasani akaniambia sasa unabisha nini, si kweli walikuwa wanaanika siri za watu? Nikakaa kimya maana kweli walianika.

Sasa naomba mnisaidie. Walikuwa wanaandika umbea kwa sababu ndo walichokuwa nacho, au neno umbea lilibandikwa tu kwa sababu ni wanawake? Na uchapaji una mkono gani hapo? Maana naona wanawake wengi walikuwa wanaandika kwa mkono wanapeana na marafiki miaka na miaka hakuna shida, ila wakishachapishwa tu ndo kelele zinaanza. Natanguliza shukrani.

Mama_Nasra
Mwanangu anza na neno lenyewe, humo mna mengi. Hilo "gossip", ndilo Waingereza wanaloitia umbea, halikuwa tusi hata kidogo. Kiingereza cha kale wanasema godsibb, ndugu wa kwa Mungu, yaani yule msimamizi wa ubatizo, mwanamume au mwanamke. Baadaye likawa jina la wale wanawake anaoitiwa mzazi uchungu ukishamshika, majirani na mashoga zake pamoja na mkunga, wanafunga mlango, wanashusha mapazia, mume anabaki nje. Wanapika kinywaji cha moto cha mvinyo au bia na mayai na viungo, anakunywa mzazi na wao wanakunywa, na mzazi anakaa ndani kama mwezi mzima ndo atoke kwenda kanisani kushukuru. Kwa siku zote hizo wanawake wanaingia na kutoka na wanazungumza. Sasa wale waliofungiwa nje wakawa wanajiuliza humo ndani tunasemwa nini, na jina la watu likageuka jina la maneno yao.

Sisi wa pwani tunalielewa hili bila kufundishwa. Bibi yangu akimwita mwenzake shoga alikuwa anamaanisha rafiki wa kufa na kuzikana, leo vijana wakilisikia neno wanacheka kwa maana nyengine kabisa. Neno la mapenzi ya wanawake limegeuzwa na wasiokuwamo.

Tena usidhani maneno ya chumba kile yalikuwa mchezo. Mkunga alitakiwa ambane mwanamke asiyeolewa akiwa katikati ya uchungu amtaje baba wa mtoto, ili gharama za kulea zisiangukie parokia. Hapo maneno ya wanawake yanakuwa ushahidi, mwanamume anapelekwa mbele ya hakimu. Na kwenye mahakama za kanisa pale London wanawake walikuwa wakishtakiana kwa kuchafuliana jina, kesi nyingi sana, mtu kaitwa malaya mlangoni kwake anakwenda kuleta mashahidi waliosikia. Anayejua nani kasema nini alikuwa na nguvu, kwa hiyo mtu akikwambia umbea ni maneno ya bure muulize mbona waliyaogopa namna ile.

Mchapaji_Mstaafu
Nimeona swali la uchapaji nikasema hapa siwezi kupita. Nimefanya kazi kwenye kiwanda cha uchapaji miaka 26, nimepanga herufi za risasi kwa mkono kabla kompyuta hazijaja, kwaiyo haya mambo huwa nayasoma kwa mapenzi.

Binti, kitu cha kwanza, kabla mwanamke hajachapa umbea wake wanaume walishagundua kuwa umbea wa wanawake unauzika. Mwaka 1602 Samuel Rowlands alitoa kijitabu kuhusu wanawake watatu, mjane, mke wa mtu na msichana, wamekaa kwenye baa ya mvinyo wanapiga stori za wanaume. Kitabu kimeandikwa na mwanamume, kimechapwa na mwanamume, faida wanakula wanaume, na maneno yamewekwa midomoni mwa wanawake. Hiyo ilikuwa biashara kamili. Kwaiyo umbea kwenye karatasi haukuwa kosa, kosa lilikuja pale mwanamke alipotaka kuuandika na kuuuza mwenyewe.

Na kuna mmoja simwoni kwenye orodha yako nimeumia kweli, Isabella Whitney. Huyu alikuwa mtumishi wa ndani London, si mtoto wa lodi wala nini. 1567 kachapisha barua ya mashairi kwa mwanamume aliyemuahidi ndoa afu akaenda kuoa mwingine kimyakimya. Yaani habari ambayo ingeishia jikoni kwa majirani, yeye kaipeleka kwa mchapaji Richard Jones ikawa kitabu kidogo cha kununua. Na Jones mwenyewe kwenye shairi la utangulizi anaita wateja kama mmachinga, anawaambia humu kuna ya kweli na ya kubuni yote mnapata. Nani sasa anauza umbea hapo, Whitney au Jones?

1573 Whitney kapoteza kazi, hana hela, anatakiwa aondoke mjini, akaandika wosia anaiachia London mali ambayo ni ya London yenyewe, mitaa, nguo, nyama, mikate, magereza na wafungwa wake. Na ndani ya huo wosia hajawasahau wauza vitabu wa pale karibu na kanisa la St Paul, na mchapaji wake anamuachia kitu pia, anawaomba marafiki wakanunue vitabu kwake. Mimi nilisoma hapo nikaweka kitabu chini. Miaka yote hiyo nimechapa vitabu vya watu sijawahi kuona mwandishi anamkumbuka fundi.

Halafu wanawake walikuwamo ndani ya karakana zenyewe. Mchapaji akifa mjane anaendelea na mashine, kampuni ya wachapaji ya London iliyopata hati yake 1557 ilikuwa inamruhusu. Na chini huku mtaani waliokuwa wanasambaza vijitabu na magazeti wengi ni wanawake, wana vibanda, wana wachuuzi wa kutembeza. Kuna Anne Dodd alikuwa na duka pale Temple Bar, London. Sasa shika hii, 1728 mshairi Alexander Pope alipotoa shairi lake la kuwakandia waandishi wenzake, humo ndani Eliza Haywood kamfanya zawadi ya kushindaniwa na wachapaji wawili wanaoshindana kukojoa mbali, samahani kwa lugha lakini ndo kilichoandikwa. Kwenye ukurasa wa mbele wa hilo shairi jina la muuzaji lililowekwa ni A. Dodd. Kitabu cha kumtukana mwanamke aliyeishi kwa kalamu kimetoka sokoni kwa jina la mwanamke mwingine anayeishi kwa kuuza karatasi.

SautiKavu
Naheshimu michango ya wakubwa ila naomba tusiwasafishe sana. Mimi nimemsoma Manley, ule mkusanyiko wake wa 1709 kuhusu kisiwa cha Atalantis. Huyu mama hakuwa anaandika maumivu ya wanawake tu, alikuwa anafanya kazi ya chama. Alikuwa upande wa chama cha Tory, na kitabu kizima kimelengwa kuwachafua wapinzani wao, chama cha Whig kilichokuwa madarakani, hasa Duke wa Marlborough na mkewe Sarah Churchill. Marlborough kampa jina la Count Fortunatus na kumuelezea kama kijana aliyepanda cheo kupitia kitanda cha mpenzi wa mfalme. Majina yote kayafunika, ila mtaani zikawa zinauzwa karatasi za ufunguo zinazokuambia huyu ni nani na yule ni nani. Hiyo si fasihi ya mafumbo tu wakuu, ni kumvua mtu nguo hadharani.

Watu walioandikwa mle walikuwa hai. Walikuwa na watoto. Mwingine kaandikwa kambaka binti aliyemlea, mwingine katelekeza mke, na msomaji hana njia ya kujua lipi kweli lipi kaongeza. Mimi nina dada yangu aliwahi kuandikwa vitu vya uongo mtandaoni, najua nyumba inavyokuwa siku hiyo. Kwaiyo nikisikia mtu anasema umbea ni nguvu ya wanyonge naomba akumbuke na anayesemwa.

Binti_Mufindi
Asante sana Mama Nasra, asante mzee. SautiKavu pole kwa dada, na umenigusa pale ninapokwama mimi mwenyewe, maana sitaki kwenda darasani na hotuba ya kuwatetea tu. Ila nikuulize kitu. Jonathan Swift, mwandishi mwanamume wa wakati huohuo, naye alikuwa anaandika gazeti la Tory, The Examiner, akiwashambulia watu hao hao kina Marlborough. Na 1711 alipoacha aliyekabidhiwa lile gazeti ni nani kama si Manley huyu huyu. Kazi ileile, chama kilekile, maadui walewale. Kwanini mmoja vitabuni anaitwa bingwa wa tashtiti na mwingine anaitwa mama wa skendo?

SautiKavu
Hapo umenibana dada nakubali. Kipimo kiwe kimoja. Ila mimi kwa kipimo hicho kimoja nawahukumu wote wawili, simwachii Swift.

Kalamu_Nyekundu
Nimechelewa ila naomba niingie hapo kwa Manley maana nimefundisha hivi vitu miaka kadhaa na naona wanafunzi wanaruka sehemu tamu.

Kwanza kwanini 1709 na si 1669? Sheria ya leseni. Kuanzia 1662 kitabu kilitakiwa kipate kibali kabla ya kuchapwa, na mashine zilikuwa chache zinazojulikana. Sheria hiyo ikaisha 1695 bunge halikuihuisha. Tangu hapo unachapa kwanza, serikali ikikasirika inakufuata baadaye kwa kosa la kukashifu. Ndo maana unaona majina yanawekwa herufi ya kwanza na mstari, au visiwa vya kubuni, au majina ya Kigiriki. Fumbo lilikuwa kinga mahakamani, maana anayeshtaki itabidi asimame aseme mbele za watu huyo mzinzi ni mimi.

Pili, tazama kitabu kimejengwaje. Astrea, mungu wa haki, anashuka duniani akiwa na Virtue, yaani Wema, ambaye amechakaa amevaa matambara, halafu wanakutana na mama mmoja anaitwa Intelligence, yaani Habari, huyo ndo anawatembeza mjini akiwasimulia kila gari la farasi linalopita ndani yupo nani na kafanya nini. Na katikati anatokea mkunga, Mrs Nightwork. Mama Nasra najua utafurahi hapa! Mkunga ambaye kazi yake ni kuitwa usiku na kutunza siri anaanza kuzifungua. Manley alijua kabisa maneno yanatokea chumba kipi, kakichukua chumba kile cha uzazi chote kakiweka kwenye karatasi, mlango ukiwa wazi. Kwangu mimi hiyo ni sanaa, na mtu aliyeifikiria si mtu wa kuropoka.

Tatu, Oktoba 1709 wakakamatwa wachapishaji wake. Manley akajisalimisha. Kwenye kitabu alichojiandikia maisha yake 1714 anasema walimbana awataje waliompa habari, akajibu hakuna aliyempa, labda ni ufunuo. Wakamwambia ufunuo ni kitu cha kutoka kwa malaika wema na haya uliyoandika ni mabaya, akawajibu kuna malaika wema na kuna wabaya pia. Hakumtaja mtu hata mmoja. Mwaka uliofuata kesi ikaisha akaachiwa.

SautiKavu hoja yako ya anayesemwa ni ya kweli na sitaki kuizungusha. Naongeza kitu kimoja tu, mmojawapo wa waliosemwa mle ni Manley mwenyewe. Binamu yake John Manley, aliyetakiwa kumlea baada ya baba kufa, alimuoa akiwa tayari ana mke mwingine hai. Akabaki na mtoto na jina limeshaharibika. Hadithi hiyo kaiweka mle ndani kwa jina la Delia. Kwaiyo unaposoma habari za walezi wanaoharibu mabinti waliokabidhiwa kuwatunza, ujue anayesimulia yalimpata, na kanisani hakuna aliyesimama kumsemea.

Mama_Nasra
Yarabi. Mrs Nightwork nilikuwa simjui, ahsante mwalimu umenipa zawadi.

Na kwa SautiKavu, mwanangu mimi sikusema umbea hauumizi. Nimeona mwanamke akisutwa mtaani kwetu, mashoga zake wa jana wamemjia na ngoma hadi mlangoni, hakutoka nje wiki mbili. Najua ukali wake. Nilichosema ni kwamba walioandika historia waliuona ukali huo kwa wanawake tu. Hao wanaume nao walikuwa na vijiwe vyao, London ilipata mgahawa wa kahawa wa kwanza 1652 na baada ya hapo ikawa imejaa, mchana kutwa wamekaa na magazeti wanaulizana kuna habari gani. 1674 kikatoka kijitabu kwa jina la wanawake kinalalamikia kahawa, na moja ya malalamiko ni kwamba wanaume sasa wanawashinda wanawake kwa kuteta. Lakini vijiwe vile leo vitabuni vinaitwa chimbuko la maoni ya umma.

Mchapaji_Mstaafu
Na bao la kahawa Kariakoo je, hahaha. Mama Nasra umesema.

Niongeze na mmoja mdogo asisahaulike, Rachel Speght. 1615 Joseph Swetnam alitoa kijitabu cha kuwatukana wanawake wote kuanzia Hawa, mara ya kwanza kakitoa kwa jina la uongo, na kiliuzwa sana, kikawa kinarudiwa kuchapwa miaka na miaka. 1617 Speght, binti wa mchungaji, umri wake haujafika hata miaka 20, akamjibu kwa kitabu chenye jina lake halisi mbele. Wengine wawili waliojibu mwaka huo walitumia majina ya kubuni. Binti akaweka jina lake. Mnajua mtaani wakasema nini? Kwamba kaandikiwa na baba yake. Ikabidi 1621 achapishe kitabu kingine na kusema humo ndani kwamba kile cha kwanza wamemnyang'anya wakampa baba yake. Kwaiyo ukiandika vibaya ni umbea wako, ukiandika vizuri ni kazi ya baba.

Binti_Mufindi
Mzee hiyo sentensi ya mwisho naichukua, nitakutaja. Nimeshaamua nitafungua na Whitney badala ya Behn, maana wote darasani wanafikiri mambo yalianza na Behn.

La mwisho wakuu, Mary Wroth. Nimesoma kwamba baada ya riwaya yake ya Urania kutoka 1621 kulizuka vurugu, yeye mwenyewe akasema vitabu viliuzwa bila ridhaa yake. Aliacha kuandika?

Kalamu_Nyekundu
Hapana, hakuacha. Ilikuwa hivi. Ndani ya Urania kuna kisa kifupi cha baba aliyetaka kumuua binti yake mwenyewe kwa tuhuma za uzinzi. Lodi mmoja, Edward Denny, akasoma akasema huyu ni mimi na binti yangu, maana habari zao kwenye jumba la mfalme zilikuwa zinajulikana. Akamwandikia shairi la matusi linalosambazwa mkono kwa mkono, akamwita huntha, si mume si mke, kwa sura na zimwi kwa matendo, akamwambia aachane na vitabu vya upuuzi ashike kazi za mikono. Na kwenye barua akamwambia amwige shangazi yake, Countess wa Pembroke, aliyetafsiri Zaburi. Yaani mwanamke akishika kalamu amwandikie Mungu peke yake.

Wroth akamjibu shairi kwa shairi, mstari kwa mstari, vina vyake vilevile kamrudishia yeye. Huntha akamrudishia, zimwi akamrudishia. Hilo jibu halikuwa la mashine ya kuchapa, lilipita kwenye karatasi za mkono kwa watu haohao waliosoma la Denny. Desemba mwaka huo akamwandikia Buckingham, kipenzi cha mfalme, kwamba vitabu vimeuzwa bila yeye kutaka na anaomba msaada virudishwe. Kumbuka hali yake, ni mjane, mume kafa 1614 kamwachia madeni makubwa, mtoto wao naye akafariki 1616. Asingeweza kumkasirisha lodi yeyote zaidi ya hapo.

Lakini nyumbani akaendelea. Akaandika sehemu ya pili ya Urania, kurasa na kurasa kwa mkono wake, ndefu sana, wahusika walewale sasa wamezeeka wana watoto waliopotea. Hakuipeleka kwa mchapaji yeyote. Ule muswada leo uko Chicago, kwenye maktaba ya Newberry, na ulichapwa kwa mara ya kwanza 1999. Na sentensi ya mwisho haijaisha, inakatika katikati, kama ile sehemu ya kwanza ya 1621 iliyokatikia kwenye neno "na".